Irembo la Mama Domitille

Ukimuuliza mama mukwe wangu Domitille anakaa wapi, hatakutajia avenyu wala namba. Atakuambia, "Ukifika kwa Mukashyaka wa tangi la mawe, unashuka kidogo, unamuacha muzee wa ndizi kwa mukono wa kushoto, unapita kwa Bagalwa fundi cherehani, hapo unaanza kusikia sauti yangu." Mutu asiyemujua Mukashyaka atapotea, na mama haoni kama hilo ni kosa lake. Kwake inchi ni watu. Mahali pasipo na wa kusalimia yeye hapajui.

Labda ni kwa sababu teritware yetu ya Nyiragongo, wilaya hii, ni ndogo. Kati ya zote za Kivu ya Kaskazini hakuna inayoishinda kwa udogo. Ukipanda pikipiki pale Munigi na mutoto mwenye usingizi mugongoni, utafika Kibumba kabla hajalala vizuri. Upande wa chini muji wa Goma unakula mashamba yetu kila mwaka, kidogo kidogo, kama mbuzi aliyefungwa kamba ndefu. Upande wa jua kuchomoza ni mupaka wa Rwanda. Huku juu ni mulima wenyewe wa moto pamoja na pori la parke, hifadhi ya wanyama. Katikati ya hapo tumejaa sisi: Wakumu wenye inchi, Wahutu na Watutsi, Wahunde walioteremuka kutoka Masisi, Washi waliofuata kazi, na Wanande kama mimi Kasoki, tulioletwa na biashara au na mapenzi.

Mimi nililetwa na mapenzi. Nimezaliwa Butembo, kwenye vilima vya mikaratusi, ambako kila bonde lina maji yake. Siku yangu ya kwanza ya kuolewa huku nilishika bidon ya maji, nikauliza kwa adabu, "Mama, mutoni ni wapi?" Wanawake waliokuwa wanamenya viazi wakacheka mpaka mumoja akajikata kidole. Nyiragongo haina muto. Mvua inanyesha sana, lakini jiwe linaimeza yote. Mama Domitille hakucheka. Alinishika bega, akanionyesha bati la nyumba na mufereji ulioshuka kwenye pipa. "Muto wetu njo huu," akasema. "Sisi wetu unapita juu."

Yeye alizaliwa upande wa Kibumba, kwenye udongo mweusi unaotoa kabichi, sisi tunaziita mashu, kubwa kama kichwa cha ng'ombe. Mulima ulipopasuka mwaka wa 1977 alikuwa mutoto wa kutumwa chumvi. Katika moto ule wote anakumbuka nyanya yake tu, akikimbia na sufuria ya maharagwe kichwani, na haimwagiki. Walipofika mahali pa usalama walikula. Mama akisimulia habari hiyo anaishia hapo kwenye kula, na sisi tumezoea.

Aliolewa, akashuka na bwana yake huku juu ya Kanyaruchinya, ambako udongo ni mwembamba kama shuka na chini yake ni jiwe. Majirani wakamufundisha kupanda maharagwe ndani ya nyufa. Mwaka wa 2002 moto ulipita kando yao, ukashuka mpaka katikati ya Goma, wakapokea watu wa mujini waliozoea kuwaita washamba. Halafu ikaja miaka ya waasi. Ilikuja, ikaenda, ikarudi na majina mengine. Vita vikishuka kutoka Rutshuru, barabara yetu ndiyo inayovileta. Kuna mwaka mahema ya wakimbizi yalijaa Kanyaruchinya mpaka kuku wakakosa pa kuchokoa. Mwaka wa 2008, waasi wakiwa juu na jeshi likiwa chini, bwana yake alikufa kwa kolera. Akabaki na mume wangu, kijana wa shule, na binti yake Igihozo, aliyekuwa bado anang'oka meno ya utoto.

Aliwalea kwa mashu. Anapanda mpaka Kibumba asubuhi, anagongagonga kila shu kwa kidole kama daktari, anapakiza kwenye chukudu, ile baiskeli kubwa ya mbao isiyo na pedali, na kijana anaiteremusha mpaka soko la Goma. Wasukumaji wote wa chukudu wanamujua. Wanamuita Mama Breki, kwa sababu kila muteremuko anapiga kelele, "Polepole! Polepole na watoto wangu!" Watoto wake ni mashu.

Halafu, mwezi wa tano mwaka wa 2021, siku ya Jumamosi, jua likiwa limezama tu, mulima ulipasuka bila kubisha hodi. Mama alimufunga mutoto wangu mugongoni kwake, akanipokonya furushi la vyombo. "Kasoki, acha visahani. Beba maji." Tulitembea na watu wote wa duniani. Tuliporudi kuangalia, nyumba haikuwepo, lupango, kiwanja chetu chote, haukuwepo, hata muteremuko wenyewe haukuwepo. Kulikuwa na jiwe jeusi limejaa kutoka bonde hadi bonde, kama uji uliomwagika ukaganda.

Tukapokelewa mujini, Majengo, kwa Nzabonimpa, mudogo wa marehemu baba mukwe. Nzabonimpa ni mutu muzuri, nasema kweli. Alitupatia vyumba viwili na hajauliza tutaondoka lini. Ila ana lango. Ni lango la chuma la rangi ya kijani, na ukiingia bila kulifunga utalisikia mpaka jioni.

Mwaka uliofuata, kijana Benny Sikuli, muuza mbao, Munande mwenzangu, akasema anamutaka Igihozo. Igihozo alishasema ndiyo zamani. Sisi ndio tuliochelewa kujua. Wazee wa Benny wakaagiza kutoka Butembo kwamba watashuka kushika irembo.

Lazima nieleze. Irembo, kwa Kinyarwanda, ni mulango wa lupango. Ndiyo desturi ya watu wa mume wangu: wazee wa kijana wanasimama nje ya irembo, wanabisha, wanasema neno la heshima, wanatoa pombe. Musemaji wa nyumba akionja, njia imefunguka, na mengine yote, mahari na sherehe, yanapita hapo. Pombe ya irembo inaonjwa mara moja. Mutu harudii. Na musichana anakuwa mutoto wa lile irembo lililoshikwa.

"Shemeji," Nzabonimpa akamuambia mama, wote tukiwa barazani, "wageni wanatoka mbali. Tutawapokea hapa. Irembo si hili?" Akalipiga lango lake kwa ngumi, likalia.

Mama alikuwa anachagua maharagwe. Hakuinua kichwa. "Hilo ni lango lako."

"Langu si lako?"

"La kulala, ndiyo, na Mungu akubariki. La kumutoa mutoto, hapana."

"Basi lako liko wapi?"

"Liko pale lilipokuwa."

"Chini ya volkano!"

"Chini, juu, ni palepale."

Igihozo aliziba uso kwa mikono. "Mama, mimi naona haya. Watu wa Benny watafikiri tumewaita wapasue kokoto."

"Wafikiri. Mutoto wangu, ukishikiwa irembo la Majengo, wewe ni mutoto wa Majengo. Mimi nitakuwa mupangaji aliyekuwa anakupikia. Na kule kwetu patakuwa pamekufa kabisa. Moto umefunika nyumba. Unataka sisi wenyewe tufunike na jina?"

Nzabonimpa alijaribu njia nyingine. "Na ng'ombe? Ng'ombe haiwezi kupanda yale mawe. Itavunjika muguu, shemeji."

"Walete mbuzi."

"Tangu lini sisi ni watu wa mbuzi?"

"Tangu Kasoki. Tulipeleka mbuzi Butembo na hakutuzalia watoto wabaya."

Niliinama kumupangusa mutoto kamasi ili wasinione nacheka. Nzabonimpa alijikuna kichwa, halafu akasema neno ambalo tulilibeba wiki zote zilizofuata. "Sawa. Unionyeshe irembo. Si kusema 'hapa hivi.' Unionyeshe mahali penyewe, na majirani wakubali. Ukionyesha, mimi mwenyewe nitasimama pale kama musemaji. Ukikosa, tunapokea hapa na sitaki kusikia tena habari ya mawe."

"Nimekubali," mama akasema, na maharagwe yakaendelea kuanguka kwenye sahani.

Kesho yake tulipanda, mimi na yeye, mutoto mugongoni. Nilidhani atatembea moja kwa moja mpaka pale. Alitembea vizuri kutoka barabarani, akiongea, halafu akapunguza mwendo, halafu akanyamaza. Jiwe lile halina sura. Unageuka, na kila upande ni uleule, makunyanzi meusi yanayokata viatu. Alisimama hapa, akasogea pale, akarudi. Nilimuona anaangalia mulima, anaangalia chini kwenye ziwa la Kivu, anajaribu kujiweka katikati kama mutu anayetafuta kitanda gizani. Alikuwa hajui. Miaka yote ile ya kuolewa pale, na hajui.

Akakaa chini. Nikaogopa atalia, nikatafuta neno la kusema. Lakini aliyetoa sauti kwanza ni yeye, na ilikuwa kicheko.

"Kasoki, nimepotea kwangu. Umesikia mutu aliyepotea kwake?"

"Hapana, mama."

"Sasa umesikia." Alijipangusa macho kwa ncha ya kitenge, sijui yalikuwa machozi ya kicheko au yale mengine. Kidogo akasema, "Mimi sikuwahi kujua nyumba yangu iko wapi. Nilijua iko karibu na nani. Hebu tuite watu."

Na akawaita kwa njia yake. Aliwaambia wasukumaji wa chukudu, waliosambaza habari kila mahali walipoteremusha mizigo. Aliwaambia wanawake wa mashu, na mwanamuke wa mashu ukimuambia jambo, umeliambia soko. Majirani walikuwa wametawanyika Munigi, Rusayo, Majengo, wengine walirudi kwa ndugu Kibumba. Neno lilikuwa fupi: Siku ya Mungu, baada ya misa, njooni musimame kwenu.

Sikuamini watakuja. Walikuja na nguo za misa. Kwanza walisimama barabarani wamejikusanya kama kondoo, wanasalimiana, wanahesabiana watoto waliozaliwa tangu moto. Halafu Mukashyaka, mwanamuke mukubwa wa sauti nzito, akapanda juu ya jiwe akaangalia angalia, akapiga ukelele. Tangi lake la maji la mawe lilikuwa limetoa kichwa tu, kama kiboko. Akaenda akakaa juu yake, akapanua sketi. "Mimi niko kwangu! Ninyi wengine munangoja nini?"

"Nani alikuwa chini yako?" mama akauliza kwa sauti.

"Muzee wa ndizi!"

Muzee wa ndizi alishushwa kwa kushikwa mikono. Akasimama chini ya Mukashyaka, akasogezwa. "Rudi nyuma, muzee, nilikuwa naona mugongo wako nikianika nguo, si uso." Akageuka. "Hapo! Hapo njo ulikuwa unakojolea ndizi zako ukidhani hatuoni!" Watu wakalia kwa kicheko, muzee mwenyewe akakubali, akasema zilikuwa tamu kwa sababu hiyo.

Basi ikaendelea hivyo. Kila mutu hakujua kwake, lakini alijua jirani. "Mimi nikifungua dirisha naona jiko la mama Athanasie." "Jiko langu lilikuwa linakupelekea moshi, basi sogea huku, upepo unatoka kule." "Uko muongo! Kati yetu kulikuwa na njia ya watoto wa shule." "Njia ni mimi niliikata!" "Kata tena basi!" Watu wawili waligombana juu ya mupaka wa maharagwe waliogombania kabla ya volkano, na walipokumbuka walikuwa wanagombania nini wakashikana mikono kwa furaha. Watoto waliambiwa wakae ndani, wakakaa ndani, juu ya jiwe tupu, na aliyetoka alipigiwa kelele.

Nilikuwa nimesimama juu kidogo na mutoto wangu, na niliona lokalite nzima, kijiji chetu chote, inatoka katika jiwe, nyumba kwa nyumba, zimevaa vitenge.

Bagalwa fundi cherehani ndiye aliyekuja mwisho. Ni Mushi mwembamba anayependa kuvaa vizuri, na cherehani yake ilibaki chini ya moto. Alisimama mahali pake bila kuambiwa, katikati ya watu wa juu na pale ambapo hapakuwa na mutu bado.

"Mama Igihozo," akaita, "wateja wako wa mashu walikuwa wanapita wapi kuja kwako?"

"Kwako!"

"Wanakanyaga nini?"

"Viazi vyako vitamu! Na ulinitukania kila wiki!"

"Basi fuata matusi yangu. Nilikuwa natukana nikiangalia huku." Akanyosha mukono.

Mama akatembea kwa kufuata mukono ule, polepole, Bagalwa akipiga kelele, "Bado... bado... hapo ndipo ulikuwa unajifanya hunisikii." Akasimama. Aliinama, akapanga mawe mawili madogo, moja kulia, moja kushoto. Muzee wa ndizi akasema ni hapo. Mukashyaka juu ya tangi akasema ni hapo. Nzabonimpa, aliyekuja kuona mama anashindwa, aliangalia watu wale wote kila mumoja kwake, akavuta pumzi.

"Nimesema nitasimama, nitasimama," akasema. Lakini alisema kama mutu anayekubali kumeza kidonge kichungu cha kinini.

Siku yenyewe ilifika na jua zuri. Majirani walirudi wote, wakasimama kila mutu kwake, kwa sababu mama alisema wageni hawawezi kuja kwenye kijiji kitupu. Desturi inataka mama wa binti asitoke nje wala asiseme na wageni, basi tulikaa nyuma ya yale mawe mawili, mama, Igihozo, mimi na wanawake wengine, juu ya mikeka, ndani ya nyumba isiyokuwepo. Nzabonimpa alisimama kwenye irembo na viatu vyeusi vya mujini, vinang'aa.

Mawe yale yalimungoja. Wageni wakiwa bado wanashuka kwenye gari barabarani, alisogea hatua kuwaangalia vizuri, na soli ya kiatu cha kulia ikafunguka yote, kama mudomo wa samaki. Alitazama huku na huku, akaruka kwa muguu mumoja mpaka nyuma ya jiwe kubwa, nje kabisa, kutafuta kamba ya kuifunga. Irembo likabaki bila mutu.

Watu wa Benny walipanda kwa mustari, wazee mbele, mbuzi katikati. Mbuzi walipanda vizuri kuliko wazee. Mbele kabisa alikuwa Muzee Sikuli, baba mukubwa wa Benny, na kibuyu cha kasiksi, pombe ya ndizi, amekikumbatia kifuani. Walipita kwa Mukashyaka, wakasalimia. Wakapita kwa muzee wa ndizi. Halafu wakasimama, na nikawasikia wakinong'onezana kwa Kinande changu cha nyumbani: "Mulango ni upi? Mimi naona mawe tu." "Si yule pale mwenye koti?"

Mwenye koti alikuwa Bagalwa. Alikuwa amejishonea koti jipya kwa cherehani ya kuazima, la rangi ya maziwa, na amesimama kwake wima kama gavana. Niliinuka nikapunga mukono, nikasema "Si huyo!" kwa Kinande, lakini mutoto wangu alianza kulia wakati ule ule na upepo ukabeba sauti zote mbili.

Muzee Sikuli alivua kofia mbele ya Bagalwa. Akasema neno lake, na lilikuwa zuri: kwamba wametoka mbali kwa sababu wamesikia hapa kuna ua lililoota juu ya jiwe, na wanaomba mulango. Akatoa kibuyu.

Nilimuona Bagalwa usoni. Tangu moto, ni nani aliyewahi kumubishia hodi kwake? "Karibuni," akasema, "karibuni sana kwangu." Akapokea kibuyu kwa mikono miwili, akaonja. Halafu akaonja tena.

Kijiji kizima kikasema "Eeeh!"

Nzabonimpa alitokea nyuma ya jiwe na kiatu mukononi. "Bagalwa! Umefanya nini? Umekunywa pombe ya irembo!" Alikasirika, lakini katikati ya hasira niliona furaha imepita haraka. "Munaona? Si nilisema? Hakuna irembo hapa, ndiyo maana limepotea! Pombe haionjwi mara mbili. Wazee wangu, poleni sana, mumeshika irembo la huyu bwana. Bagalwa, una binti?"

"Sina," Bagalwa akasema, kibuyu kikiwa bado kifuani. "Niko na wavulana watupu."

"Basi Benny ataoa nini, cherehani?"

"Hata cherehani iliungua," mutu akasema kutoka nyumba nyingine, na watu wakacheka. Benny hakucheka. Igihozo alikuwa ameshika mukono wangu mpaka kucha zikaingia.

"Twende Majengo," Nzabonimpa akasema. "Tunapumzika, tunaanza vizuri siku nyingine, kwenye lango la kweli."

Nilimutazama mama. Hakuruhusiwa kusema na wageni. Angesema neno moja kwao, angeharibu yote mara ya pili. Aliangalia chini, akakunja kitenge kwenye magoti, akakikunjua. Halafu akainua kichwa na kuita, si kwa wageni, kwa jirani, sauti ileile ya kuita juu ya ukuta kuomba moto.

"Bagalwa we! Wageni wangu wamefika hapo kwako?"

Bagalwa akageuka. Ilimuchukua kidogo kuelewa. Halafu akajibu kwa sauti ileile, kana kwamba haoni tumekaa wazi mbele yake. "Wamefika, Mama Igihozo!"

"Miaka yote wageni wangu wanapita kwako na unawapa matusi. Leo unawanywea na pombe?"

"Wanakanyaga viazi vyangu! Nisionje hata kidogo? Nilikuwa naangalia kama haina sumu!"

"Umeona iko na sumu?"

"Iko nzuri sana!"

"Basi wapitishe, wasichelewe kwangu!"

Watu walikuwa wanagonga mapaja. Muzee Sikuli alimuangalia Bagalwa, akaangalia kibuyu, akavaa kofia yake tena taratibu. "Ndugu zangu," akawaambia watu wake, kwa Kiswahili ili wote wasikie, "tangu Butembo tumesimamishwa kwenye baryeri ngapi za barabarani? Kila moja ilitudai na hakuna iliyosema karibu. Hii ni ya kwanza kutukaribisha. Tumelipa. Irembo bado liko mbele, tuendelee." Akapokea kibuyu, akakitikisa sikioni, akaridhika. Bagalwa akavua koti, akalipunga kuwaonyesha njia ya kushuka.

Wakashuka. Mbele ya yale mawe mawili Muzee Sikuli akasimama, ingawa pande zote zilikuwa wazi na hata mutoto angeweza kuzunguka. Hakuzunguka. Aliweka miguu pamoja, akakohoa, akaita, "Hodi hapa!"

Hakuna aliyejibu. Musemaji alikuwa bado nje, kule kwenye jiwe lake kubwa, na kiatu mukononi. Watu wote wakamuangalia. Mbuzi mumoja alilia. Nzabonimpa alitazama barabara, ambako gari la kwenda Majengo lilikuwa linangoja. Akatazama wazee wa Butembo waliosimama juani mbele ya kitu kisichokuwepo, wanangoja kujibiwa. Nadhani ni hao waliomushinda. Mutu anayependa lango hawezi kuona mugeni anabisha bila kuitikiwa.

Akaanza kuja kwa haraka, muguu mumoja na kiatu, mumoja na soksi, akikata moja kwa moja kuelekea kwetu kwenye mikeka.

"Shemeji," mama akasema polepole, "huo ni ukuta."

Alisimama, muguu wa soksi juu. Nilidhani atatukana. Aliushusha muguu pale pale ulipotoka. Akarudi nyuma, akazunguka, akiruka kila jiwe lililomuchoma, mpaka nyuma ya wageni. "Pardon, wazee. Pardon. Nipisheni kidogo." Wakamupisha. Akapita katikati ya mawe mawili, akiinamisha kichwa kidogo kama watu warefu wanavyofanya kwenye mulango mufupi. Akageuka kuwaangalia, akaweka kiatu chini, akanyosha shati.

"Nani anabisha hapo," akauliza kwa sauti ya kusikika mpaka Kanyaruchinya, "kwa Mama Domitille?"

Wanawake hawakungoja aonje. Vigelegele vilianzia juu ya tangi kwa Mukashyaka, vikashuka nyumba kwa nyumba.